Maneno Chini ya Gundi

Mwalimu Minegishi Hatsue, uliyeketi mbele yetu, na ambaye kwa kalamu yako sote tuliomo humu tumepata ama riziki ama machozi. Mheshimiwa Mwenyekiti wa Nyumba ya Vitabu ya Shirasagi. Bwana Meneja wa kiwanda cha uchapaji. Wahariri mlio kazini, na sisi tuliostaafu. Dada zetu wasaidizi wa Mwalimu, mliochora madirisha, majani na mvua yote ambayo watu hudhani aliichora yeye. Wanachama wa Jumuiya ya Wasomaji, mliofika kutoka mikoa ya mbali. Na wewe, Bi. Onodera Tokiko wa Sakata, uliyechagua kiti cha karibu na mlango, umepakata bahasha iliyofungwa kwa kitambaa cha zambarau, na ambaye kwa haki ungetajwa wa pili: nawasalimu kwa heshima.

Jina langu ni Kuramochi Eisaku. Miaka arobaini na minne iliyopita nilikuwa mhariri wa hadithi ya katuni iitwayo "Benchi la Buluu", kazi ya Mwalimu, ile ya Sayoko na Takumi, wanafunzi wawili wanaopendana katika stesheni ndogo ya reli. Jumatatu toleo lake jipya linakwenda mitamboni. Kurasa zote za asili zimepatikana isipokuwa mmoja, na huo mmoja umo ndani ya chumba hiki. Kinachotukwamisha si ukurasa. Ni maneno gani yachapwe juu yake. Bodi imenikabidhi mimi neno la mwisho, pengine kwa kudhani kwamba mhariri wa zamani ndiye ajuaye ukweli wa mambo. Haikukosea, ingawa haikujua imepatia kwa kiasi gani.

Kwa faida ya vijana: zamani zile mchoraji aliandika mazungumzo kwa penseli ndani ya viputo vinavyotoka midomoni mwa wahusika. Mhariri aliyapeleka kwa wapiga chapa, akaletewa vipande vidogo vya karatasi vyenye herufi safi, akavikata kwa wembe na kuvibandika kwa gundi juu ya penseli. Msomaji hakuiona penseli kamwe. Tena ilikuwa desturi yetu, desturi ya aibu, kuwagawia wasomaji kurasa za asili kama zawadi ya bahati nasibu.

Kwa ruhusa ya Mwalimu na Bi. Onodera, nitawasomea barua zao. Sitatia neno katikati.

*

Tokyo, 9 Februari 2018

Kwa Bi. Onodera Tokiko,

Baridi ya mwaka huu imekaza, na nasikia huko kwenu theluji imefika madirishani. Natumai u mzima. Mimi ni Minegishi Hatsue, mchoraji. Huenda jina langu umelisahau. Kama hujalisahau, basi huenda unao ukurasa wangu.

Mwaka 1974, sura ya mwisho ya "Benchi la Buluu" ilipotoka, jarida lililokuwa likiichapa liliwapa wasomaji watano ukurasa mmoja mmoja. Hakuna aliyeniuliza. Kurasa zilionekana kama maganda ya chenza: tunda limekwisha liwa, ganda la nini? Nne zimerudi. Mmoja ulikuwa umetundikwa chooni, mwingine mtoto alizipaka nywele za Sayoko rangi ya kijani. Uliobaki ni ukurasa wa thelathini na mbili, wa mwisho, pale Sayoko anapomuaga Takumi. Jina lako na anwani yako ya zamani nimevipata katika orodha ya washindi, na posta ya mji wenu imenisaidia kwa yaliyosalia.

Nina miaka sitini na tisa. Mkono wangu wa kulia unatetemeka hivi kwamba nikimimina chai, meza ndiyo inayokunywa. Siwezi kuuchora upya. Toleo jipya ni la Mei. Nakuomba uniazime ukurasa huo kwa siku chache, nami nitaurudisha kwa mkono wangu, huu huu unaotetemeka.

Wako kwa heshima,
Minegishi Hatsue

*

Sakata, 20 Februari 2018

Mwalimu wangu mpendwa,

Barua yako ilinikuta nimeshika pasi, na shati la mwalimu mkuu wa shule yetu likaungua kola. Nilimwambia ukweli: "Samahani, nimeandikiwa na Mwalimu Minegishi." Akaniuliza, "Ndiye nani huyo?" Nikamjibu, "Basi shati lako limestahili."

Mimi ni dobi. Duka lilikuwa la mama yangu na shangazi Yone, sasa ni langu. Ukurasa ninao. Mwaka 1976, moto mkubwa ulipopita mjini kwetu, niliutoa nyumbani ndani ya koti langu. Kimono ya harusi ya mama iliteketea, naye alinikumbusha jambo hilo mpaka anafariki. "Binti yangu," aliwaambia wageni, "aliokoa karatasi."

Ndiyo maana usiniambie niutie posta. Siwezi. Lakini mpwa wangu ameupiga picha, naituma pamoja na barua hii. Nadhani itatosha kuchapia. Ukurasa ni safi, kama ulivyotoka mikononi mwako, na maneno yapo yote: "Nenda, Takumi. Nitakusubiri hapa hapa."

Maneno hayo niliwahi kuyatumia mwenyewe, siku moja, juu ya jukwaa la reli. Lakini hiyo ni habari ndefu, na pasi inapoa.

Msomaji wako,
Onodera Tokiko

*

Tokyo, 1 Machi 2018

Bi. Onodera,

Nakushukuru kwa picha. Nimeitazama kwa kioo cha kukuzia siku tatu mfululizo, na wasaidizi wangu wamenificha kioo mara mbili.

Katika jarida la 1974, kipande cha maneno yale kilibandikwa kimepinda. Kiliinamia kushoto, kama mtu aliyesimama kwa mguu mmoja. Kiliniudhi miaka arobaini na minne, kila niliponunuliwa chakula na mtu akinionyesha ukurasa ule nitie sahihi. Katika picha yako kipande hicho kimenyooka sawasawa.

Gundi haijinyooshi yenyewe, Bi. Onodera. Dobi ndiye anyooshaye.

Kilibanduka lini? Na chini yake ulisoma nini?

Minegishi Hatsue

*

Tokyo, 27 Machi 2018

Bi. Onodera,

Siku ishirini na sita. Msaidizi wangu mdogo ananiona nikishuka ngazi kila nisikiapo pikipiki ya posta. Jana akanitania: "Mwalimu, postamani yule si mchumba, ana wajukuu!" Nimecheka, kisha nikashuka tena.

Kwa kuwa hujibu, nitajibu mimi.

Chini ya kipande kile niliandika kwa penseli: "Nenda, Takumi. Na mimi nakwenda zangu." Huo ndio uliokuwa mwisho. Sayoko hakuwa wa kusubiri. Itazame miguu yake: ncha ya kiatu cha kulia imeelekea jukwaa la pili, ambako treni nyingine imefungua milango. Nilichora milango ile kwa siku nzima. Hakuna msomaji hata mmoja aliyewahi kuniuliza ilikuwa treni ya kwenda wapi.

Mhariri wangu, Bwana Kuramochi, alinipigia simu kutoka kiwandani. Mvua ilikuwa inanyesha, nikamsikia akipaza sauti juu ya kelele za mitambo. "Mwalimu, postikadi mia tatu zimeomba Sayoko asubiri. Mia tatu!"

"Na wewe unasemaje?" nikamuuliza.

"Mimi sina la kusema. Wasichana wamekwisha sema."

Nilikuwa na miaka ishirini na mitano na wino hadi kwenye viwiko. Nikasema, "Haya." Neno moja tu. Hilo ndilo langu, na simsukumii mtu.

Sayoko akapendwa nchi nzima. Tangu hapo nimechora hadithi kumi na nne za mapenzi ya vijana, na katika kila moja yumo msichana anayesubiri: kwenye benchi, dirishani, mbele ya kabati la viatu mlangoni mwa shule, kwenye korido ya hospitali. Kila nilipomchora mmoja akiinuka, wahariri waliniuliza, "Anakwenda wapi?" Nikakosa jibu. Nikamkalisha tena.

Sasa Shirasagi wananiuliza kama nina marekebisho ya kufanya kabla ya kuchapa. Ninalo moja. Lakini lipo chini ya wanga wako, maana nadhani ulitumia wanga.

Nijibu hata kwa matusi.

Hatsue

*

Sakata, 8 Aprili 2018

Mwalimu Minegishi,

Sina salamu za majira. Theluji imeyeyuka, ukipenda kujua.

Ndiyo, ni wanga, ule wa kola. Agosti iliyopita nilianika vitu vya kabatini kama kila mwaka, nguo na vitabu, wadudu watoke. Nikaulaza ukurasa juu ya mkeka. Kipande kikaanguka chenyewe, bila upepo. Nikasoma penseli. Nilicheka kwanza. Halafu nikapika wanga, nikakirudisha mahali pake, nikakipiga pasi ya uvuguvugu. Nilikinyoosha kwa sababu ndiyo kazi yangu, sikujua kama kilikuwa kimepinda kwa makusudi ya Mungu.

Uliniuliza nilisoma nini. Sasa nikusomee mimi.

Machi 1975 kijana aitwaye Shunji aliondoka Sakata kwenda kiwandani Osaka. Nilikuwa na miaka kumi na saba. Njia nzima ya stesheni nilikuwa sijui niseme nini. Treni ikapiga kengele, nikamwambia, "Nenda. Nitakusubiri hapa hapa." Hakuyajua yametoka wapi, yeye alisoma katuni za ndondi. Akasema, "Toki, unaongea kama kitabu." Nikajisikia mrembo.

Nilisubiri miaka kumi na mmoja. Wachumba watatu waliletwa, wote nikawarudisha. Shangazi Yone alikuwa akikunja mashuka na kunisema: "Hata treni hupiga kengele mara mbili ikaenda zake. Wewe unayemsubiri hata kengele hapigi!" Nikamwambia anyamaze, hajui mapenzi. Akasema, "Nayajua. Nayafua kila siku."

Mwaka 1986 Shunji alirudi kumzika baba yake. Alikuja na mke na watoto wawili, na suti nyeusi iliyokuwa na alama ya chai. Akaiweka juu ya meza yangu.

"Ala! Toki? Bado upo hapa hapa?"

"Ulitaka niwe wapi?"

"Nilidhani uliolewa zamani. Suti ni ya kesho asubuhi, utaweza?"

"Njoo saa mbili."

Alama ya chai niliitoa. Haikubaki hata kivuli.

Sasa unaniambia yale yalikuwa maneno ya mhariri. Basi nilimsubiri nani, Mwalimu? Nilimsubiri Shunji, au nilimsubiri Bwana Kuramochi?

Na hizo postikadi mia tatu, mojawapo ni yangu. Niliituma kabla ya sura ya mwisho, ndiyo iliyonipatia ukurasa. Nami sikuomba asubiri. Niliomba aende. Jarida lilipofika nikamkuta amebaki, nikajiambia: aliyeandika anayajua mapenzi kunizidi, huyu amenijibu. Nikatii. Miguu ile niliiona, kwa taarifa yako. Miaka yote nilidhani hujui kuchora miguu.

Lakini usiyabadilishe. Hapo ndipo unaposhangaa, sivyo? Miaka ile ilikuwa yangu. Haikuwa uchungu mtupu: kila treni ya saa tisa ilikuja na uso wake dirishani, na mimi nilikuwa nimenyoa vinyweleo vya shingo na kuvaa safi. Ukifuta maneno yale kitabuni, msichana aliyesimama jukwaani anabaki mjinga tu, hana hata ukurasa wa kusimamia.

Ukurasa hautoki hapa.

Onodera Tokiko

*

Tokyo, 15 Aprili 2018

Mpendwa Tokiko,

Barua yako nimeisoma nimesimama.

Postikadi yako haikunifikia. Naapa kwa mkono wangu, kwa kadiri mkono huu bado unaapika. Wewe uliandika kwa kalamu ya shule aende, na wiki hiyo hiyo mimi niliandika kwa penseli anakwenda. Hatukujuana. Kati yetu alikuwepo mtu mwenye gundi.

Sikuandikii kukuomba radhi, maana umenikataza kukuona mjinga, na kukuomba radhi kungekuwa namna hiyo hiyo ya kukuona. Nakuandikia kwa sababu siwezi kutulia. Naamka, nakaa mezani, nachora kiatu kimoja kinachoelekea jukwaa la pili. Mstari unatetemeka kiasi kwamba kiatu kinaonekana kinatembea. Nimevichora themanini. Msaidizi wangu anauliza tufungue duka la viatu.

Nilidhani nataka kulirudisha neno langu. Sasa sijui ni la nani. Mimi nililiandika na kulisaliti siku moja. Wewe uliliomba, ukanyimwa, ukalifanyia kazi lile lingine miaka kumi na mmoja. Kwa hiyo nakuachia. Ukisema maneno ya chapa yabaki, nitatia sahihi yabaki, nami sitalizungumza tena.

Hatsue

*

Tokyo, 15 Aprili 2018

Kuramochi,

Zile postikadi mia tatu ziko wapi?

Minegishi

*

Sakata, 2 Mei 2018

Mwalimu,

Usinitwishe mzigo wako. Msichana ni wako, mwandikie mwenyewe.

Hata hivyo wiki mbili hizi nimechoma makola matano. Wateja wananiuliza kama naumwa. Nimejikuta natazama saa tisa alasiri, nikitega sikio, kama zamani. Nikajiuliza natega nini. Treni ya saa tisa ilifutwa mwaka 2001.

Halafu nikakumbuka jambo. Shunji alipokuja na suti ile, sikuwa na hasira naye. Niliogopa tu asiniulize, "Na wewe ulikwenda wapi?" Hakuuliza. Hakuna aliyewahi kuniuliza, na mimi, kama wewe, nisingekuwa na jibu.

Jana niliulaza ukurasa mezani, nikaiinua pasi ya mvuke juu yake kwa umbali wa shubiri moja. Wanga ukalegea. Kipande nikakibandua kwa ukucha. Agosti kilianguka chenyewe. Safari hii nimekibandua mimi, na tofauti hiyo naijua vizuri kuliko mtu yeyote.

Kipande kitabaki kwangu. Nimekitumikia, ni changu, na sikionei haya. Penseli ni yako. Chapeni penseli.

Nina masharti. Nitauleta mwenyewe tarehe 26 Mei, kwenye mkutano wenu. Utapigwa picha nikiwa nimesimama pale pale. Mtu asisafishe doa la gundi. Mtu asiyaandike upya maneno kwa herufi safi, mwandiko wako wa siku ile utoke ulivyo. Na mtu yeyote asinyooshe kitu.

Duka nimemwachia mpwa wangu kwa mwezi mzima. Nimekata tiketi ya treni ya siku hiyo hiyo kutoka Tokyo mpaka Hakata, kituo cha mwisho cha treni hiyo. Mpwa akauliza, "Shangazi, Hakata una nani?" Nikamwambia, "Bado simjui."

Tokiko

*

Mwisho wa kusoma.

Wapendwa mliohudhuria, mmesikia kwamba niliulizwa swali la mstari mmoja, na mmetambua kwamba sikulijibu. Nilikuwa nikiliandikia majibu kwa wiki sita. Moja lilikuwa refu na lenye mantiki, lilieleza ushindani wa majarida wa miaka ile. Nimelichana. Hotuba hii ndiyo jibu.

Mwalimu, postikadi zile sikuzisoma.

Zilikuwepo ndani ya sanduku chini ya meza yangu, na sikujua hata idadi yake. Mia tatu ni namba iliyonijia mdomoni nikiwa nimeshika simu kiwandani, kwa sababu mia ilikuwa ndogo na elfu usingeamini. Nilikuwa na miaka ishirini na sita. Niliona kwamba msichana akisubiri, hadithi inaweza kupata sehemu ya pili. Akienda zake, imekwisha. Nikawapa wapiga chapa maneno yangu, nikakikata kipande kwa haraka, nikakibandika kimepinda. Baada ya wiki nikatia mkono katika sanduku lile lile, nikatoa postikadi tano za washindi, nikanakili anwani upande wa mbele, nikazifungia jaladani. Sikuzigeuza.

Mwezi uliopita nilishuka ghalani na kulitafuta jalada hilo. Limo. Hii ndiyo postikadi ya tatu. Kwa ruhusa yako, Bi. Onodera, nasoma upande ambao ningepaswa kuusoma mwaka 1974:

"Mwalimu, tafadhali Sayoko asikae tena kwenye benchi. Apande treni yake mwenyewe, hata kama hajui atashukia wapi. Akipanda yeye, na mimi nitaweza. Onodera Tokiko, miaka kumi na sita."

Nimefanya kazi ya kusoma maandishi ya watu kwa miaka thelathini na nane. Haya ndiyo niliyoyaruka.

Najua Mheshimiwa Mwenyekiti ana hoja, na ni hoja yenye uzito: vizazi viwili vinayajua maneno "nitakusubiri hapa hapa", yamechapwa kwenye vikombe na leso, wasomaji wataona wameibiwa. Baadhi yenu wa Jumuiya mmeniambia hivyo hivyo kwenye ngazi. Dada mmoja kutoka Niigata aliniuliza kwa hasira, "Mzee Kuramochi, sisi tuliolia juu ya neno lile tulilia bure?" Bi. Onodera, aliyekuwa akipanda nyuma yetu, ndiye aliyemjibu: "Machozi hayawi ya bure, dada. Hufuliwa tu."

Kwa mamlaka niliyopewa na Bodi, natangaza uamuzi. Ukurasa wa thelathini na mbili utachapwa kwa penseli ya Mwalimu Minegishi, pamoja na doa la gundi, bila herufi moja ya chapa juu yake. Mwishoni mwa kitabu patawekwa maelezo mafupi ya nani alibadilisha maneno na kwa uongo gani, na jina langu litaandikwa kwa ukamilifu. Postikadi hii haitarudi ghalani. Naiweka mkononi mwa Mwalimu, ambaye iliandikwa kwake.

Kilichobaki si cha kujadiliwa, ni cha kutenda, nacho ni sasa. Bwana Meneja, naomba ufungue chumba cha kamera. Dada zetu wasaidizi, tangulieni mkawashe taa. Mheshimiwa Mwenyekiti, hotuba zilizosalia, ikiwemo yako, tutazisikiliza baadaye. Naomba sote tusimame. Sasa ni saa tisa na dakika ishirini, stesheni si karibu, na treni ya Hakata inaondoka saa kumi na dakika kumi. Bi. Onodera amekwisha simama mlangoni, na amenituma niwaambie kwamba hatatusubiri.

Kuramochi Eisaku
Tokyo, 26 Mei 2018